Nastaliq ikigoma: kutafuta ugonjwa wa kazi ya Kiurdu kwenye kompyuta

Mteja anakuletea flashi. Ndani mna kadi ya mwaliko wa harusi, Kiurdu kitupu kwa hati yake ya mteremko iitwayo Nastaliq, imepangwa na jamaa zake wa Karachi. Unafungua, na badala ya maandishi unaona visanduku vitupu, herufi za Kilatini zenye vikofia na alama za pauni. Au unaona herufi za Kiurdu kweli, lakini kila moja imesimama peke yake na neno linaanzia kushoto. Kwa fundi wa kupanga kurasa wa Mombasa, Dar es Salaam au Unguja kazi hizi hazikosi: mabango ya Muharram, vijitabu vya dua, kadi za harusi na taazia za jamaa wenye asili ya Bara Hindi. Na jambo la kwanza ambalo karibu kila fundi hufanya ni kubadilisha fonti, moja baada ya nyingine, mpaka adhana ya alasiri. Nami nilifanya hivyo kwa muda mrefu. Mara nyingi fonti haina kosa lolote.

Pima kwanza

Kazi yoyote ya Kiurdu ina mambo matatu yaliyopandana. Chini kabisa kuna maandishi yenyewe, yaani misimbo ambayo kompyuta imehifadhi. Juu yake kuna fonti, inayoivika misimbo hiyo sura. Kisha kuna programu, ambayo ndiyo inayoamua herufi hii ishikane na ile, na mstari uanzie upande gani. Dalili mbili zinaweza kufanana kabisa huku moja ikitoka chini na nyingine ikitoka juu.

Kipimo changu huchukua dakika moja. Nakili sentensi kutoka kwenye faili, uibandike kwenye Notepad ya Windows. Kikitokea Kiurdu kilichoshikana, hata kama ni kwa hati ya Naskhi isiyopendeza, maandishi ni mazima. Tatizo liko kwenye fonti au kwenye programu ya kurasa. Zikitokea takataka za Kilatini, maandishi ni ya mfumo wa zamani, na hakuna fonti ya leo itakayoyaponya. Kikitokea Kiurdu kizuri ila huku na huku neno limevunjika au herufi ina nukta zisizo zake, huo ni ugonjwa wa kibodi.

Takataka badala ya herufi

Hapa chanzo ni umri wa faili, na bila historia kidogo hutaelewa kwa nini. Nastaliq haikai juu ya mstari kama Naskhi ya Kiarabu. Kila neno huanza juu kulia na kuteremka kuelekea kushoto, na umbo la herufi hutegemea jirani zake wa pande zote mbili. Ndiyo maana magazeti ya Kiurdu yaliandikwa kwa mkono na makatibu, yaani waandishi wa hati, ukurasa mzima, miaka mingi baada ya wenzao wa Kiarabu kuhamia kwenye mashine. The Musalman la Chennai, lililoanzishwa 1927, liliendelea na kalamu hata pale wengine walipoiacha.

Mlango ulifunguliwa na Mirza Ahmad Jamil, mwandishi wa hati wa Pakistani. Akishirikiana na kampuni ya Monotype hakujaribu kuifundisha mashine namna ya kuunganisha herufi. Aliandika mafungu ya herufi yaliyokwisha kushikana, moja moja, hadi yakakaribia 20,000, na mashine ikawa inachagua tu. Hati hiyo ikaitwa Noori Nastaliq, na tarehe 1 Oktoba 1981 gazeti la Jang la Lahore likatoka likiwa limepangwa nayo. InPage, programu ya Windows iliyotoka India mwaka 1994, ilirithi mafungu hayo. Kwa kuwa fonti ya zama zile ilibeba nafasi 256 tu, mafungu yaligawanywa katika mafaili mengi ya fonti, na maandishi yakahifadhiwa kwa misimbo ya InPage yenyewe. Unicode, yaani misimbo ya pamoja inayoeleweka na programu zote za leo, haikuwemo.

Kwa hiyo faili la .inp la matoleo ya kabla ya toleo la 3 ni sanduku ambalo ufunguo wake anao InPage peke yake. Word, InDesign na CorelDRAW hazilisomi. Ukinakili maneno kutoka InPage ya zamani na kuyabandika kwingine, unabandika misimbo isiyo na maana huko.

Tiba iliyo nyepesi kuliko zote ni kumrudishia kazi aliyeipanga: mwombe alifungue kwa InPage 3 au toleo la juu zaidi, atoe maandishi kwa Unicode, akutumie pamoja na PDF ya ukurasa ulivyo. PDF hiyo ndiyo shahidi wako. Usikubali maandishi bila shahidi. Ikiwa aliyepanga hapatikani tena, kuna programu ndogo za kubadilisha misimbo ya InPage kuwa Unicode, na zinafanya kazi, ila zina la kwao.

La kwao ni nafasi kati ya maneno. Katika Kiurdu, herufi kama ا، د، ر na و hazishikani na inayofuata. Neno likiishia kwa mojawapo, jicho linaona pengo hata kama hakuna nafasi iliyobonyezwa. Wachapaji wenye haraka wa Lahore na Delhi walizoea kutobonyeza, na kwenye karatasi hakuna aliyejua. Chukua اردو ادب, yaani fasihi ya Kiurdu: ukiandika اردوادب bila nafasi, msomaji wa Nastaliq hapotei. Kompyuta inapotea. Kwayo hilo ni neno moja, haitalikata mwisho wa mstari, na mistari yako itaanza kuwa na mapengo makubwa au kutoka nje ya fremu. Ukiona aya ya Kiurdu ina mistari iliyotanuka kama meno ya bibi kizee, usikimbilie mipangilio ya kusawazisha mistari. Hesabu nafasi kwanza.

Kinyume chake pia kipo. Mchapaji anataka sehemu mbili za neno zisishikane, mathalani خوب na صورت, basi anatia nafasi katikati, na neno moja linakatwa vipande viwili mwisho wa mstari. Kinachotakiwa pale ni alama isiyoonekana ya kuzuia muunganiko, U+200C, si nafasi.

Programu ya kubadilisha haijui nafasi ipi ni ya haki na ipi ni ya ujanja. Hapo anahitajika mtu anayesoma Kiurdu, na mimi humlipa mtu huyo kutoka bei ya kazi bila kusubiri mteja aniambie. Saa yake moja ni nafuu kuliko kuchapa upya.

Herufi zimeachana, neno limegeuka

Kama Notepad ilionyesha maandishi mazima na ukurasa unaonyesha herufi zilizotawanyika, mkosaji ni programu. Katika InDesign, fungua menyu ya kidirisha cha aya na uchague Adobe World-Ready Paragraph Composer, kisha ugeuze mwelekeo wa aya uwe kulia kwenda kushoto. Mambo hayo ni mawili na yote mawili yanahitajika. Wengi hufanya la kwanza, wanaona herufi zimeshikana, wanafurahi, halafu nukta ya mwisho wa sentensi inakaa mwanzoni. Yaweke ndani ya mtindo wa aya ili yasipotee ukibandika maandishi mapya. Photoshop na Illustrator nazo zina mpangilio wa maandishi ya Mashariki ya Kati ndani ya mapendeleo ya chapa.

Scribus, ambayo ni ya bure, ilipata uwezo huu katika toleo la 1.5.3, ukiwa bado na familia ya 1.4, usihangaike nayo. LibreOffice inashikanisha bila kuombwa, ila washa lugha za maandishi changamani kwenye mipangilio, maana mtindo wake una fonti mbili, moja ya Kilatini na moja ya maandishi ya namna hii. Ukibadilisha fonti ya mtindo na Kiurdu kikakaa kimya, umebadilisha ya Kilatini.

Kuna njia ya mkato ambayo nakuomba uiache: vifaa vinavyokugeuzia neno na kukupa herufi zilizokwisha kukatwa sura ili zionekane sawa kwenye programu isiyojua Kiarabu. Zinaonekana sawa kweli. Lakini ulichobaki nacho ni picha za herufi zilizopangwa kinyumenyume, na siku faili litakapofunguliwa kwenye programu inayojua kazi yake, litageuka tena. Bango la msiba nililolirekebisha kwa njia hiyo lilitoka na jina la marehemu nyuma mbele, kwa sababu mashine ya mabango ilikuwa na akili kuliko kompyuta yangu. Kama programu yako haiwezi, panga neno kwenye inayoweza na ulilete kama mchoro.

Chanzo kingine, kidogo lakini cha mara kwa mara: umetanua nafasi kati ya herufi. Kwa Kilatini kichwa cha habari kilichotanuliwa hupendeza. Kwa Nastaliq kinakata mishipa. Rudisha sifuri.

Neno moja moja limevunjika

Sisi watu wa pwani tuna mtego wetu hapa. Kibodi ya Kiarabu tunayo, tumeizoea, kwa hiyo tunasahihisha Kiurdu nayo. Macho yanaridhika, misimbo hairidhiki. Kaf ya Kiarabu ك ni U+0643. Ya Kiurdu ک ni U+06A9. Ya ya Kiarabu ي ni U+064A na ina nukta mbili hata mwisho wa neno; ya Kiurdu ی ni U+06CC na mwishoni haina nukta. Fonti ya Nastaliq iliyotengenezwa kwa Kiurdu inaweza isiwe na umbo la Kiarabu kabisa, basi herufi hiyo inaazimwa kutoka fonti nyingine na neno linakatika papo hapo. Hata isipokatika, msomaji wa PDF akitafuta neno hatalipata.

Kaf na ya unaweza kuzibadilisha kwa tafuta na badilisha, faili zima kwa mkupuo. Angalia tu usiguse aya za Qur'ani na nukuu za Kiarabu zilizomo. Herufi he ndiyo yenye kazi. Ya Kiarabu ni moja, ه, lakini Kiurdu kina mbili: ہ ya kawaida na ھ yenye macho mawili, ambayo ni pumzi inayofuata konsonanti. کہا ni "alisema". کھا ni "kula". Wamvita wanaotofautisha paa wa mwituni na paa la nyumba kwa pumzi tu watalielewa jambo hili upesi kuliko mtu wa bara. Mashine haiwezi kukuchagulia. Ni neno kwa neno, na msomaji yule yule wa Kiurdu kando yako. Ukitaka kuepuka yote haya, weka kibodi ya Kiurdu kwenye Windows. Wanaotumia InPage wanaweza kuchagua ile ya kifonetiki ndani ya mapendeleo ya kibodi, ambapo herufi hukaa karibu na sauti yake ya Kilatini, na Ctrl pamoja na kibonye cha nafasi huwahamisha kati ya Kiurdu na Kiingereza.

Lakini neno linaweza kuvunjika huku kila msimbo ukiwa sahihi. Hilo hutokea kwa majina yetu. Fonti za ukoo wa Noori, kama Jameel Noori Nastaleeq inayopatikana bure, hutegemea mafungu yaliyoandikwa tayari, na aliyeyaandika alikuwa na maneno ya Kiurdu kichwani, si miji na milima ya Afrika Mashariki. Neno langu la kupimia fonti ni کلیمنجارو. Kilimanjaro kwa Kiurdu huanza na herufi saba zilizoshikana kwa mfululizo kabla ya pengo la kwanza, na fungu refu namna hiyo, la neno la kigeni, ndilo linaloonyesha kama fonti inajua kuunganisha au inakumbuka tu. Likitoka limeungwaungwa, lipange neno hilo kwa fonti inayojenga herufi kwa herufi, kama Noto Nastaliq Urdu ya Google au Nafees Nastaleeq iliyotengenezwa Lahore. Mlingano wa unene hautakuwa kamili. Punguza au ongeza ukubwa kwa nusu pointi mpaka jicho litulie.

Vichwa vya maneno vimekatwa, mistari inapandana

Neno refu la Nastaliq linapanda sana kulia. Nafasi kati ya mistari inayotosha Kiswahili haitoshi hapa hata kidogo. Mimi huanza na mara moja na nusu ya ukubwa wa herufi kwa fonti za ukoo wa Noori, na karibu mara mbili kwa Noto, kisha napunguza nikitazama karatasi iliyochapwa, si kioo. Weka kipimo maalumu badala ya kuiachia programu ijipimie, la sivyo mstari wenye neno moja la Kilatini utakuwa na urefu tofauti na wenziwe. Mstari wa kwanza ukikatwa juu, ongeza pambizo ya ndani ya fremu.

Wakati mwingine kinachokatwa ni kivuli cha kioo tu na kwenye PDF kipo kamili. Hakikisha kabla ya kubomoa ukurasa.

Na zima kashida. Kuvuta shingo ya herufi ili kujaza mstari ni desturi ya Naskhi. Kwenye Nastaliq ya kompyuta hutoa kistari cha ulalo kinachokata neno linaloteremka. Italiki nayo usiitie, hati hii imeshalala kwa asili yake.

Tarakimu na nambari za simu

Kiurdu kina tarakimu zake, na tofauti inayouma iko kwenye 4 na 7: Kiarabu huandika ٤ na ٧, Kiurdu ۴ na ۷, kila moja na msimbo wake. Ukitumia misimbo sahihi na bado sura ikatoka ya Kiajemi, weka lugha ya maandishi kuwa Kiurdu. Waajemi na Waurdu wanagawana misimbo ile ile, na fonti nzuri huchagua sura kwa kuangalia lugha.

Nambari za simu ndizo zilizonitia aibu. Nambari iliyoandikwa kwa vipande, inayoanza na +254, ikikaa baada ya neno la Kiurdu hugeuzwa vipande vyake: cha mwisho kinakuwa cha kwanza, na alama ya kujumlisha inahamia upande wa pili. Saa, kama 4:45, hubaki salama, kwa sababu kanuni za Unicode huichukulia nuktambili iliyo kati ya tarakimu kuwa sehemu ya nambari. Kistari na nafasi hazina heshima hiyo. Ndiyo maana ratiba ya Ramadhani inaweza kuwa sahihi kuanzia daku hadi iftari, na simu ya msikiti chini yake ikawa ya mtu mwingine. Tia alama isiyoonekana ya kushoto-kwenda-kulia, U+200E, kabla ya nambari, au katika InDesign ipe nambari hiyo mwelekeo wake peke yake. Kisha ipige simu hiyo ukiisoma kutoka kwenye karatasi.

Irabu na aya za Qur'ani

Zeri na zabari (kasra na fatha) zikielea mbali na herufi zake ndani ya fonti ya mafungu, usizisukume kwa mkono ukurasa mzima. Zitahama tena ukibadilisha ukubwa. Kwa Kiurdu cha kawaida irabu si za lazima, muulize mteja kama anazihitaji. Aya za Qur'ani zipange kwa fonti ya Naskhi iliyotengenezwa kwa msahafu, zinakiliwe na zisichapwe upya kwa vidole, na apitie mwalimu kabla ya kuchapwa.

Faili lenyewe lina shaka

Mwaka 2016 kampuni ya Kaspersky ilitangaza kuwa washambuliaji walikuwa wakitumia nyaraka za InPage kuingia kwenye kompyuta za watu: ulifungua faili, na lililofunguka lilikuwa zaidi ya maandishi. Faili la .inp kutoka kwa usiyemjua lichukulie kama unavyolichukulia faili la .exe. InPage halali hununuliwa. Nakala zilizovunjwa kufuli zinazogawiwa kwa flashi ni njia nyingine ya kukaribisha wadudu kwenye mashine ya kazi.

Kioo kizuri, kiwandani kimeharibika

PDF ibebe fonti ndani yake. Fungua sifa za PDF, angalia orodha ya fonti: kila moja iwe imeandikwa kuwa imepachikwa. Kazi iliyotoka InPage huonyesha orodha ndefu ya vipande vya Noori, na kimoja kikikosekana ni maneno yanayotumia mafungu yake pekee yatakayopotea, si ukurasa wote. Ndiyo sababu kosa hili hupita bila kuonekana. Linganisha na ile PDF ya shahidi, aya kwa aya.

Kugeuza herufi kuwa michoro kunaondoa wasiwasi wa fonti, na kwa mabango ndivyo nifanyavyo, baada ya kuhifadhi nakala yenye maandishi hai. Ila fonti zinazojenga herufi kwa herufi huzipandisha moja juu ya nyingine kwenye kiungo. Kwa wino mweusi mzito huoni kitu. Tia uwazi wa asilimia 50, au mstari wa pembeni, au peleka kwenye mashine ya kukata stika, na kila kiungo kinatokeza: doa jeusi zaidi, mstari ndani ya herufi, au kisu kinachokata neno katikati. Chagua neno zima, unganisha michoro yote iwe mmoja, kisha tazama kwa muonekano wa mistari mitupu. Nukta zibaki nje ya muungano huo kama zilivyo. Ukiona nukta imemezwa na tumbo la herufi, rudi kwenye nakala yenye maandishi hai uanze neno hilo upya.